Judi Dench kabla ya zile dakika nane

Kuna kipande cha video ambacho tangu Oktoba 2023 kinazunguka kwenye simu za watu na hakijachoka. Bibi wa Kiingereza mwenye nywele nyeupe zilizokatwa fupi, mwigizaji Judi Dench, amekaa kwenye kochi la Graham Norton, yule mtangazaji wa BBC, na anaombwa aseme chochote cha Shakespeare. Hana karatasi. Anaanza tu, kwa sauti ya mtu anayekusimulia jambo lililomtokea jana, na kwa muda wa kama dakika moja anaitoa soneti ya 29 nzima, shairi la mistari 14 la mtu aliyefilisika bahati, anayelia peke yake, mpaka anapomkumbuka ampendaye na kujiona hana haja ya kubadilishana na wafalme. Ukumbi unanyamaza. Kisha makofi.

Ilipofika kwenye kundi letu la WhatsApp, maswali yalimiminika. Huyu si yule bosi wa James Bond? Si ndiye aliyepewa Oscar kwa dakika nane tu, wazungu bwana, wanapeana wenyewe kwa wenyewe? Mmoja akauliza kwa nini mama yake alimwita Dame. Mwingine akahitimisha kwamba tusikate tamaa, maana huyu bibi alianza kuigiza akiwa na miaka sitini.

Maswali hayo manne yana mzizi mmoja. Sisi tunamjua Judi Dench kwa kioo, na kioo kilichelewa sana kumjua. Kumwelewa kunahitaji kwanza tujue mwigizaji wa Uingereza anatengenezwaje, kwa sababu njia yake haifanani na ile tuliyoizoea ya mrembo kuonekana kwenye video ya muziki, akapewa filamu, akawa staa.

Na kabla ya hapo tunahitaji kuelewana kwenye neno moja ambalo limetuponyoka. Aliyesoma sekondari anajua kwamba tamthilia ni mchezo ulioandikwa ili uigizwe mbele ya watu, utanzu wa fasihi kama ulivyo ushairi au riwaya. Lakini leo ukimwambia mtu wa Dar kuwa unafuatilia tamthilia, atakuuliza kama ni ya Kituruki au ya Kikorea na umefika sehemu ya ngapi. Neno limehamia kwenye televisheni. Katika makala haya nitasema "mchezo wa jukwaani" nikimaanisha ule wa zamani: waigizaji wamesimama mbele yako, mnavuta hewa moja, na wakikosea hakuna wa kusema "kata, turudie". Filamu na vipindi vya televisheni nitaviita kazi za kioo.

Tofauti ya hivi viwili ni kubwa kuliko inavyodhaniwa. Jukwaani mwigizaji lazima amfikie mtu wa safu ya mwisho kule juu, aliyenunua tiketi ya bei rahisi na anayeuona uso wake mdogo kama kisoda. Sauti inatoka tumboni, mkono ukiinuliwa unainuliwa kwa sababu. Mbele ya kamera mambo yanageuka: kope ikitikisika, dunia nzima imeiona. Ni kama mtu anayehutubia uwanjani bila kipaza sauti, halafu usiku huohuo anamnong'oneza mwenzake chumbani. Mdomo ni uleule, ila akichanganya atachekesha.

Kuna tofauti nyingine isiyosemwa sana. Mchezo wa jukwaani huanza mwanzo ukaisha mwisho kila usiku, na katika kumbi za biashara za London, eneo linaloitwa West End, kawaida ni maonyesho nane kwa wiki: jioni sita na mchana mara mbili. Filamu hupigwa vipande vipande kufuata ratiba ya mahali na fedha, hata mhusika anaweza kuzikwa Jumatatu na kuolewa Alhamisi. Mwigizaji wa jukwaani hujifunza kubeba safari nzima kichwani. Akija kwenye filamu, anajua kila kipande kinakaa wapi.

Sasa tumrudie bibi wetu. Alizaliwa tarehe 9 Desemba 1934 huko York, kaskazini mwa Uingereza. Baba yake alikuwa daktari, na miongoni mwa wagonjwa wake walikuwa waigizaji wa ukumbi wa Theatre Royal wa mji huo, kwa hiyo mtoto alikua akiwaona watu wa jukwaani kama wageni wa kawaida wa nyumbani. Mwaka 1951 York ilifufua michezo yake ya kidini ya zama za kati, inayosimulia Biblia kuanzia uumbaji hadi siku ya hukumu, ikachezwa kwenye magofu ya abasia, yaani makao ya kale ya watawa. Judi alikuwa malaika. Kufikia 1957 alikuwa amepandishwa cheo: akawa Bikira Maria.

Lakini ndoto yake haikuwa kuigiza. Alitaka kubuni mandhari ya jukwaa, yaani kuchora na kupanga ukumbi uonekane kasri, pori au jela. Akiwa bado kijana alikwenda Stratford, mji alikozaliwa Shakespeare, akaangalia mchezo wa King Lear. Alipoona jinsi jukwaa lilivyobuniwa kwa vitu vichache tu, akajiambia yeye hatafika pale. Kaka yake Jeffery alikuwa ameshaingia chuo cha maigizo cha Central School jijini London, naye akamfuata. Darasani alikuwamo Vanessa Redgrave, naye baadaye mwigizaji mkubwa.

Mwaka 1957, akiwa na miaka 22, chuo kikiwa ndiyo kwanza kimemalizika, kampuni ya Old Vic ya London ilimpa nafasi ya Ophelia, msichana anayependwa na Hamlet, kwenye mchezo wa Shakespeare wa Hamlet. Hiyo ni kama kijana aliyetoka akademia jana kupangwa kikosi cha kwanza kwenye dabi. Wahakiki hawakumhurumia, na kampuni ilipokwenda ziara ya Marekani, nafasi ya Ophelia alipewa mwingine. Alibaki kwenye kampuni, akacheza nafasi ndogo ndogo, akiwatazama wakubwa kutoka pembeni ya jukwaa usiku baada ya usiku. Mwaka 1960 mwongozaji wa Kiitaliano Franco Zeffirelli alimpa nafasi ya Juliet kwenye Romeo and Juliet, na safari hii hapakuwa na wa kumnyang'anya.

Neno "kampuni" hapa linahitaji maelezo, maana ndilo siri ya mambo yote yanayofuata. Si kampuni ya hisa. Ni kundi la waigizaji walioajiriwa kwa msimu, wanaocheza michezo kadhaa kwa kupokezana. Leo usiku unaweza kuwa malkia, kesho kijakazi anayebeba sinia, na mchana mnafanya mazoezi ya mchezo wa wiki ijayo. Miji mingi ya Uingereza ilikuwa na kampuni za namna hii, na Judi alipita kwenye za Nottingham na Oxford katika miaka ya 1960, mbali na Royal Shakespeare Company, aliyojiunga nayo mwaka uleule ilipoanzishwa, 1961. Fikiria fundi wa gereji ya mtaani ambaye asubuhi anafungua injini ya Fuso, mchana anatengeneza breki za bajaji, jioni anachomelea geti. Baada ya miaka kumi hakuna gari litakalomtisha.

Kampuni hizo zingekufa kama zingetegemea tiketi peke yake. Baada ya vita vya pili vya dunia Uingereza iliunda Baraza la Sanaa, mwaka 1946, na fedha za umma zikaanza kuingia kwenye kumbi. Ndiyo maana mwigizaji aliweza kulipwa mshahara mdogo lakini wa uhakika kwa kucheza michezo ya Mrusi Chekhov kwenye mji wa viwanda. Hapa ndipo ninapokunja uso kidogo nikisikia watu wakisema Waingereza wana kipaji cha kuzaliwa. Kipaji kipo kila kijiji. Wenzetu walikuwa na mahali pa kukichosha.

Mwaka 1963 kampuni ya Nottingham ilifunga virago ikaenda Afrika Magharibi: Nigeria, Ghana na Sierra Leone. Judi alikuwa Lady Macbeth, kwa hiyo wapo wazee wa huko walioiona sura hiyo jukwaani zaidi ya miaka thelathini kabla ya dunia kuijua kwenye sinema. Huku Afrika Mashariki hawakufika, lakini mwaka huohuo wa 1963 ndipo tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya mchezo wa Julius Caesar ilipochapishwa, na mwaka 1969 akafuatisha Mabepari wa Venisi. Katikati yake, 1968, S. S. Mushi alitupa Makbeth kwa Kiswahili. Ninazitaja kwa sababu kila nikisikia kwamba Shakespeare ni mambo ya wazungu wenye masharubu, nakumbuka kwamba Rais aliyekuwa na nchi changa ya kuendesha alipata muda wa kuhangaika na beti zake. Na kuna kichekesho: Judi Dench alicheza nafasi ya Portia kwenye huo mchezo wa mabepari, Stratford, mwaka 1971, mume wake Michael Williams akiwa Bassanio, na mpaka leo husema haupendi. Nyumbani kwao Shakespeare alikuwa na jina la utani: mwanamume anayelipa kodi ya nyumba.

Jina hilo la utani linaeleza jambo ambalo wengi hawalijui. Kwa mwigizaji wa Uingereza wa kizazi chake, Shakespeare hakuwa heshima ya kuvaa Jumapili. Ilikuwa kibarua. Unaamka, unafanya mazoezi, unacheza, unalipwa, unanunua mkate.

Katikati ya kibarua hicho ndipo lilipo jambo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo kubwa kuliko yote aliyoyafanya, na halina uhusiano wowote na Hollywood. Mwaka 1976 Royal Shakespeare Company ilikuwa na ukumbi wa pili Stratford, ukiitwa The Other Place. Ukumbi ni neno la heshima. Lilikuwa banda la mabati. Mwongozaji Trevor Nunn aliwaweka mle Ian McKellen na Judi Dench wacheze Macbeth bila mapambo, bila mapumziko, waigizaji wakiwa wamekaa kuzunguka duara, na watazamaji karibu kabisa nao, wachache kiasi cha kuwafanya watu wajione wameingia kwenye chumba cha wauaji kwa bahati mbaya.

Mle hapakuwa na safu ya mwisho ya kufikiwa. Ukipiga kelele unachekesha. Ikabidi Lady Macbeth, mwanamke anayemsukuma mumewe amuue mfalme aliyelala nyumbani kwao, azungumze kama mke anavyozungumza na mume usiku taa ikiwa imezimwa. Kwa maneno mengine, Judi Dench alikuwa akijifunza kamera pasipokuwa na kamera. Miaka michache baadaye mchezo huo ulirekodiwa kwa ajili ya televisheni, ukarushwa mwaka 1979, na ndiyo sababu mimi na wewe tunaweza kuuona. Tafuta ile sehemu anapotembea usingizini akijaribu kunawa damu ambayo haipo mikononi. Kuna kilio kimoja kinatoka mle ambacho kinaanzia chini, chembamba, kisha kinaendelea na kuendelea mpaka unatamani mtu amshike. Niliizima simu nikakaa.

Kuhusu kazi zake nyingine za jukwaani, mengi yamekwenda na upepo, na hili ndilo tatizo la kumpima mtu wa jukwaa. Mwaka 1968 alikuwa Sally Bowles, mwimbaji wa klabu, kwenye mchezo wa muziki wa Cabaret ulipochezwa London kwa mara ya kwanza. Aliyekuwamo ukumbini ana kumbukumbu, sisi wengine tuna picha. Mwaka 1987 alicheza Cleopatra na Anthony Hopkins kwenye National Theatre. Yeye mwenyewe alimwonya mwongozaji Peter Hall kwamba anakwenda kumwongoza mwanamke mfupi wa makamo, awe na uhakika na anachokitaka. Maonyesho yalifika 100. Ni kama taarabu ya zamani kabla ya kaseti: bibi anakwambia usiku ule Siti binti Saad alivyoimba, wewe unaitikia tu.

Hata tuzo zenyewe zilichelewa. Tuzo kubwa za jukwaa la London, zinazoitwa Olivier, zilianza kutolewa mwaka 1976. Judi alikuwa na miaka 19 kazini. Walipoanza kuzitoa, alichukua ya kwanza mwaka 1977 kwa kile cha kwenye banda la mabati, na mpaka 2016 alikuwa amezifikisha saba za ushindani, pamoja na moja ya heshima. Mwaka 1996 alichukua mbili usiku mmoja kwa michezo miwili tofauti, mmoja wa maneno na mmoja wa nyimbo, jambo ambalo hakuna aliyewahi kulifanya kabla yake.

Waingereza wa kawaida, wale wasiokanyaga ukumbini, walimjua kwa njia nyingine: vichekesho vya televisheni. Kuanzia 1981 hadi 1984 alicheza na mumewe kwenye A Fine Romance, na kuanzia 1992 hadi 2005 na Geoffrey Palmer kwenye As Time Goes By, kisa cha wapenzi waliopotezana ujanani wakakutana tena wakiwa watu wazima. Kwao alikuwa kama waigizaji wa Vitimbi kwa Mkenya, sura ya sebuleni. Tukio moja la miaka hiyo nalitaja kwa sababu linaonyesha kazi hii inavyoweza kukuvunja kihalisia: mwaka 1981 alikuwa kwenye mazoezi ya mchezo wa muziki wa Cats, mshipa wa kisigino ukakatika, nafasi yake ikaenda kwa Elaine Paige, na wimbo maarufu wa mchezo ule ukawa wa Elaine. Miaka 38 baadaye, 2019, filamu ya Cats ilipotengenezwa, Judi alikuwamo, akiwa paka mzee. Filamu yenyewe ilikuwa balaa, tuseme tu.

Sasa hilo neno Dame. Si jina, wala si damu ya kifalme. Mfalme George wa Tano alianzisha mwaka 1917 nishani za Dola ya Uingereza zenye madaraja matano. Judi alipata daraja la OBE mwaka 1970, na mwaka 1988 akapandishwa hadi la pili kutoka juu, DBE, linalompa mwanamke haki ya kuitwa Dame, kama mwanamume anavyoitwa Sir. Halirithiwi; watoto wake hawapati kitu. Halina shamba, halina kiti bungeni. Na lina kanuni moja ambayo Mswahili anaielewa haraka kuliko Mmarekani: cheo hukaa mbele ya jina la kwanza. Husemi Dame Dench, unasema Dame Judi, kama vile sisi tulivyosema Bi Kidude na si Bi Baraka. Upendeleo upo ndani yake pia: mke wa Sir huitwa Lady, lakini mume wa Dame hubaki kama alivyokuwa.

Utazame huo mwaka tena. 1988. Serikali ya nchi yake ilimpa cheo hicho miaka saba kabla ya James Bond na zaidi ya miaka kumi kabla ya Oscar. Nadhani hapo swali la kuanza uzeeni limejijibu. Bi Kidude alipopewa tuzo ya WOMEX, ya muziki wa dunia, mwaka 2005, Unguja hakuna aliyeshangaa kusikia kwamba anaimba.

Ni kweli kwamba filamu zilimkataa mapema. Amewahi kusimulia kuwa ujanani mtu mmoja wa filamu alimwambia uso wake hauna kitu kilichokaa sawa. Alicheza filamu chache, akapata tuzo ya filamu ya Uingereza, BAFTA, ya chipukizi kwa kazi ya mwaka 1965, lakini hakuhangaika nazo. Hakuhitaji. Hapa jiografia inasaidia kueleza. Marekani, sinema ziko Los Angeles na jukwaa kubwa liko New York, umbali unaokaribia ule wa Dar na Cairo. Mwigizaji lazima achague pwani. Uingereza kila kitu kimezunguka London. Studio za Pinewood, anakopigwa picha James Bond, ni mwendo wa gari tu kutoka kumbi za West End. Mtu anaweza kuwa jasusi mchana na malkia wa Shakespeare jioni, akalala kwake.

Bond ilikuja mwaka 1995, na GoldenEye. M ni herufi ya cheo, mkuu wa shirika la ujasusi wa nje, MI6, na hadi wakati huo kwenye filamu kilikuwa cha wanaume. Wakati huo Waingereza walikuwa wameshamwona Stella Rimington akiongoza shirika la ndani, MI5, tangu 1992, kwa hiyo mwanamke kwenye kiti kile halikuwa wazo la kutoka mwezini. MI6 yenyewe ilichelewa kuliko sinema: mwanamke wake wa kwanza, Blaise Metreweli, alitangazwa mwaka 2025. Judi alikikalia kiti cha M kwenye filamu saba, nne na Pierce Brosnan na tatu na Daniel Craig, mpaka mhusika wake alipofia mikononi mwa Bond kwenye Skyfall, 2012. Ukimwangalia kwenye onyesho lake la kwanza na Brosnan, pale anapomwambia kijana kuwa yeye ni mabaki ya vita baridi, hapandishi sauti hata kidogo. Hiyo ni elimu ya banda la mabati.

Na zile dakika nane. Filamu ni Shakespeare in Love, ya mwaka 1998, naye ni Malkia Elizabeth wa Kwanza. Muda wake wote kwenye kioo ni kama dakika nane, na alipopanda kuchukua Oscar mwezi Machi 1999 alitania mwenyewe kwamba kwa dakika hizo angestahili kipande tu cha ile sanamu. Je, alipendelewa?

Kwanza, tuzo aliyoipata ni ya mwigizaji msaidizi wa kike, na kanuni hazina kipimo cha dakika. Beatrice Straight alishinda tuzo hiyohiyo kwa filamu ya 1976 iitwayo Network, na muda wake ulikuwa kama dakika tano. Kinachopigiwa kura ni alama inayobaki. Kiungo kidogo cha iliki hakipimwi kwa uzito wake kwenye sufuria ya chai. Malkia yule anaingia mara chache, lakini kila akiingia, wenye nguvu wote wanageuka watoto, na ni yeye anayemaliza kesi mwishoni.

Pili, wanaopiga kura ni wanachama wa Akademia ya Marekani, watu wa filamu wenyewe, na watu hukumbuka. Mwaka mmoja kabla, Judi alikuwa amewania tuzo ya mwigizaji mkuu kwa Mrs Brown, akiwa Malkia Victoria aliyefiwa na mume. Filamu ile ilitengenezwa kwa ajili ya televisheni ya BBC, kampuni ya filamu ya Marekani, Miramax, ikaiona, ikainunua na kuipeleka kwenye sinema. Hivyo ndivyo mwanamke wa miaka 63 alivyoteuliwa kwa mara ya kwanza. Akakosa. Wengi husema dakika nane zilikuwa malipo ya deni hilo, na mimi sibishi sana. Miramax pia ilikuwa bingwa wa kampeni za Oscar, na filamu ile iliondoka na tuzo saba usiku ule. Kwa hiyo ndiyo, upepo ulikuwa wake. Lakini mwaka uleule wa 1999 alisimama Broadway, New York, kwenye mchezo wa Amy's View, akachukua tuzo ya Tony, ambayo hutolewa kwa jukwaa na haijali ulifanya nini Hollywood. Upepo wa Miramax haukufika huko. Na baada ya hapo Oscar walimteua mara sita nyingine, ya mwisho kwa Belfast, akiwa na miaka 87, jumla zikawa nane.

Limebaki jambo la macho, maana kwenye lile kundi letu mtu alisema kwa uhakika kabisa kwamba bibi amesomewa soneti kwenye kidude cha sikioni. Mwaka 2012 Judi Dench alieleza hadharani kwamba ana ugonjwa unaochakaza sehemu ya katikati ya retina, ile tunayoitumia kusomea na kutambua nyuso. Ukingoni mtu anaendelea kuona. Katikati kunakuwa na ukungu. Kwa mwigizaji maana yake ni kwamba hawezi tena kukaa na kitabu cha mchezo mkononi. Amesema kwamba sasa lazima mtu amsomee maneno, mstari baada ya mstari, naye ayarudie mpaka yakae.

Aliyepita madrasa, au aliyelelewa na bibi aliyejua utenzi mzima bila kujua kusoma, haoni ajabu hapo. Hivyo ndivyo alivyojifunza nafasi ya Paulina kwenye mchezo wa Shakespeare wa The Winter's Tale mwaka 2015, akiwa na miaka 80, akacheza usiku baada ya usiku katika ukumbi wa Garrick, na ndiyo kazi iliyompa ile Olivier ya 2016. Soneti ile, kwa upande wake, haikuhitaji mtu wa kumsomea. Aliihifadhi zamani, enzi za macho mazima, alipokuwa akienda kazini jioni kumtafuta yule mwanamume wa kulipa kodi ya nyumba.